Shingo ya Ua la Noëlla

Noëlla alilipanda shina lile kwa mikono yake mwenyewe, kando ya jiko, mwaka mmoja kabla surua haijamchukua. Ni yale maua ya rangi ya chungwa: moja hufunguka asubuhi, jioni limekwisha, kesho linatoka jingine. Mtoto alifia hospitalini Bunia wakati mama yake, Alphonsine, amekwenda kuteka maji. Alphonsine akayahamishia maua juu ya kaburi, nyuma ya nyumba. Mkono wa Noëlla haukuacha kitu kingine kinachokua.

Kaburi likididimia ni aibu ya ukoo. Basi kila baada ya mvua Alphonsine alipandisha udongo na kuushindilia hadi shingoni mwa mashina. Mwaka wa sabini na nane majani yakawa manjano. Alivuta moja, likamfuata bila ubishi, linanuka, limefungwa na nyuzi nyeupe za ukungu zenye vipunje kama ulezi. Maskini, mapenzi nayo huua.

Adolphe, agronome, yaani bwana shamba, alikuja akachutama, akakwangua udongo wa juu kwa kidole.

“Mama, shingo yake haipendi kuzikwa. Mutoshe udongo ya yulu yote, mutupe mbali. Yenye iko mugonjwa, muchome. Hii moja ingali muzima: muihamishe fasi ingine, na kisu mupitishe ku moto kwanza.”

Hilo moja lilikuwa na tumba.

Lakini Augustin, kaka mkubwa wa mume wa Alphonsine, alikataa katakata. “Mutu hatoshaka udongo ya kaburi. Utaita kifo ingine mu nyumba. Na kitu ya kaburi hairudiaka ku nyumba.” Mumewe, Rémy, akaangalia miguu yake, akaokota jembe, akaenda shambani.

Alphonsine alibaki na vidole tu. Kila asubuhi alifukua shingo ya lile shina kidogo, kwa wizi, juu ya kaburi la mwanawe mwenyewe. Mvua ikapiga, kaburi likazama.

Kesho yake Augustin akaja na sepetu. Ni mtu mwema, na hapo ndipo ubaya ulipokuwa. Alipandisha udongo, akaupigapiga vizuri, shingo ikazama, tumba likabaki juu peke yake.

“Sasa mutoto analala muzuri,” alisema, akijipangusa jasho.

“Aksanti, shemeji,” Alphonsine alijibu.

Asubuhi tumba likafunguka. Alphonsine akaketi kando yake, jua likapanda, likashuka, ua likaanza kujikunja. Mtungi ulikuwa mtupu jikoni. Siku hiyo hakwenda kuteka maji.