Vipande vya Ezekia

"Shika hapo, mzee. Usipumue."

Marcelino alikuwa akikwangua ncha ya filamu kwa wembe. Ezekia aliishika kwa kucha, kama mtu aliyepewa mkia wa nyoka. Nje ya ukumbi wa kanisa, Uyole nzima ilikuwa ikisukumana mlangoni. Soko lilikuwa limebaki na mbuzi. Ndani, madirisha yameshazibwa kwa mablanketi.

Tangu mwaka hamsini na nne Marcelino alikuwa akizunguka na gari la sinema la serikali, Iringa mpaka Mbeya, akionyesha picha ya mkulima hodari na mkulima mvivu. Picha ilikuwa bubu. Maneno aliyatia yeye kwa kipaza sauti. "Mwoneni Mvivu, jua la utosi bado kalala!" Watu wakavunjika mbavu. Wakati huo hakujua kwamba Mvivu wa pichani ndiye Ezekia, mwenye nyumba Uyole, kwamba watoto humfuata njiani wakimkoromea, wala kwamba binti yake Sekela angekataliwa na wakwe. "Kwa Mvivu hatuoi," alisema Lutengano, baba mkubwa wa kijana aliyemchumbia. Baada ya kubembelezwa sana ndipo akakubali kuja leo, atazame mara moja, basi.

Vipande vya filamu vilivyokatwa Marcelino aliviokota stoo, katika gunia la taka za kuchomwa moto. Ezekia analima. Ezekia anafuta jasho. Na kimoja, urefu wa dhiraa tu: mkono mweupe wa Mzungu unaingia pembeni, unamkamata bega, unamlaza chini.

"Hicho kiache, mwanangu," Ezekia alinong'ona. "Bwana mkubwa wako kakaa mbele pale. Atakufukuza."

"Nikikiacha, watasema ulishika jembe kwa sababu ya wapiga picha."

Akapaka gundi, akabana kwa kidole gumba. Gundi ilitaka muda. Watu walishaingia, wakaanza kupiga miguu.

Mashine ikanguruma. Ezekia akatokea ukutani, kalala chali.

"Mvivu! Mvivu!" Mtu akakoroma, ukumbi ukaangua kicheko. Lutengano akaanza kutafuta kofia yake.

Marcelino akavuta kipaza sauti. "Huyu anaitwa Ezekia, baba yake Sekela. Mtazameni kabla hajalazwa."

Kiungo cha kwanza kikapita, tak. Jembe likapanda. Cha pili, tak. Jasho. Cha tatu kikatetemeka mlangoni mwa mashine. Marcelino akauma mdomo. Kikapita.

Mkono ukaingia.

Kicheko kikakatika. "Mwe!" akapayuka mama mmoja. "Kumbe alilazwa!"

"Zima!" bwana mkubwa alifoka.

"Rudisha," akasema Lutengano, kofia mkononi. "Rudisha nione vizuri."

Kidole cha Marcelino kilikuwa juu ya swichi. Akairudisha filamu nyuma, kisha akaiachia tena.

Bwana mkubwa akaruka mbele ya mashine, akatanua mikono kuuziba mwanga. Ukuta ukawa mweusi. Kifuani pake, juu ya shati jeupe lililopigwa pasi, Ezekia aliendelea kulima.