Friji Niliyoiwasha kwa Siri

Akina mama wenzangu, mtoto akiwa kazini, hata kama kazi yenyewe iko sebuleni kwako, usiguse kitu. Nawaonya kwa sababu mimi niligusa.

Binti yangu hurekodi sauti za filamu. Miaka minne alimshikia fundi mwingine maiki iliyofungwa kwenye ufito mrefu, nami nikimwambia arudi kwenye cherehani yake. Siku aliyopewa kusimamia sauti mwenyewe, wakaja kupiga filamu kwetu. Mwongozaji alishamwambia mbele ya watu kuwa akiharibu, anarudi kubeba waya.

Kitu cha kwanza akazima friji isije ikanguruma, akatia funguo za gari ndani. Nikamuuliza kama ana akili timamu. Akacheka, akasema mafundi wa sauti ndivyo wafanyavyo, asije mtu akaondoka bila kukumbuka kuiwasha.

Mimi moyo juu juu. Mle mlikuwa na kilo tano za nyama. Walipoanza tu, nikanyata jikoni, nikaiwasha.

Sebuleni mwigizaji alilia mpaka mpiga picha akajifuta macho. Mwongozaji akasema imepita.

"Haijapita, kaka," binti yangu akasema. "Kuna mngurumo."

"Mimi sisikii kitu. Na huyu dada hawezi kulia hivi mara mbili."

"Basi sikiliza hapa."

Akamvika hedifoni. Uso wa mwongozaji ukabadilika pole pole. Akauliza ni nani aliyewasha friji. Binti akanitazama, akajua. Akasema sauti ni dhamana yake, kwa hiyo kosa ni lake.

Hapo uvumilivu ukanishinda. Nikasema ni mimi, nilihofia nyama. Kisha mpiga picha akasema, "Usijali mama, tutaila yote leo, haitapata hata nafasi ya kuoza." Wakacheka, hata mwongozaji.

Friji ikazimwa, wakarudia. Safari hii mwigizaji hakulia kwa sauti, alikimeza kile kilio, na chumba kizima kikabaki na pumzi zake tu. Ilipokwisha, mwongozaji alimgeukia binti yangu, mbele ya watu wale wale.

"Fundi, imepita?"

Binti akafumba macho, akasikiliza mpaka mwisho. Nilijiziba mdomo, nisije nikapumua vibaya.

"Imepita."

Sebule nzima ikapiga makofi, na wa kwanza nilikuwa mimi.