Mama Hafunui Sufuria

Hapana, kazi haikumshinda. Nani kakwambia hivyo? Kazi aliijua, tena sana. Kilichomshinda ni kukaa chini. Ndiyo maana tangu utoto walimwita Miguu, na hata alipokuwa mwongozaji wa filamu, picha yake imebandikwa mpaka kwa vinyozi, jina halikumtoka.

Filamu zake zote nne zilikuwa na swali moja: sisi watu wa nchi hii ni nani hasa? Katika ya kwanza aliwafuata mafundi wanaoshona bendera. Nyingine, wale wa mpakani wanaogonga mihuri. Watu wakapiga makofi, wakaenda zao, yeye akabaki anakuna kichwa kama mtu aliyeingia chumbani akasahau alichofuata.

Hii ya tano, alisema, ndiyo ya kumaliza ubishi. Aliiandika miaka sita. Mwisho wake familia inakaa mezani, mama anafunua sufuria, anasema neno, wanakula. Basi. Akamwomba mama yake mzazi awe yule mama, palepale nyumbani kwake, na dada yake mkubwa na shemeji wawe familia. Kamera ilikuwa ya kuazima, inarudi kesho asubuhi. Na jua la dirishani lilibakiza kipande kidogo tu ukutani.

Wakirudia mara ya tisa, mama kashika mfuniko, katulia.

"Funua, mama."

"Nitafunua."

"Lini?"

Mama akaupangusa mfuniko kwa pindo la kanga.

Miguu akasogeza kiti cha dada, akakirudisha. Akafuta mstari kwenye karatasi zake, akaandika mwingine. "Labda maneno yanakusumbua. Sema tu, sisi ni watu wa nchi hii."

"Nani anasema hivyo akipakua chakula?"

Dada akacheka. "Mama, mwambie tu anachotaka. Shemeji yake anakaribia kula kitambaa cha meza."

"Bosi, dakika kumi," akasema Jicho, mpigapicha wake wa miaka yote, mtu wa kitambi na maneno machache.

Mama amezeeka, Miguu akawaza. Amesahau. Akamwinamia. "Mama, umesahau?"

"Nimesahau nini? Humu ndani sijawahi kufunua sufuria mtu akiwa amesimama. Marehemu baba yako alijua. Dada yako anajua. Wewe ulikuwa unatafunia mlangoni, viatu mguuni, unawahi huko kwenye mapicha yako. Na huyu mwenzako naye anisimamie kama polisi?"

"Sasa nikikaa, nani ataongoza?"

"Kuongoza nini? Kula?"

Miguu akatazama karatasi. Viti aliviandika mwenyewe: kimoja cha mama, kimoja cha dada, kimoja cha shemeji. Miaka sita anaiandika meza ya nchi nzima, na pa kukaa yeye hakupaandika. Akatazama ukuta. Jua limebaki kama upana wa mkono.

"Jicho, ukiiacha kamera peke yake haitayumba?"

"Ina miguu mitatu, bosi, na imetulia kukushinda wewe."

Dada akaleta vigoda viwili kutoka jikoni. Jicho akawasha kamera, akaiacha. Miguu akakaa, penseli bado sikioni, shati limelowa jasho. Akainuka kuvuta pazia.

"Kaa," mama akasema.

Akakaa. Goti likaanza kuchezacheza chini ya meza, dada akalishika kwa mkono, akalibana kama alivyokuwa akilibana zamani. Likatulia. Jicho akavuta kigoda chake, akaketi wa mwisho, akakohoa.

"Wote?" mama akauliza.

"Wote," dada akajibu.

Mfuniko ukainuka. Mvuke ukapanda mbele ya kamera, na yale maneno hakuna aliyeyasema wala aliyeyakumbuka.

"Lete sahani yako," mama akamwambia Miguu, na wakaanza kula.