Saa Kumi na Moja Kamili

Habari za Lorna Tattersall msinisimulie, mimi nilikuwepo. Kazi yangu ilikuwa kushika saa na daftari, kuandika kila picha imeanza lini na imeisha lini.

Miaka kumi na miwili Lorna aliongoza tamthilia za jioni za televisheni pale Manchester, zile ambazo wakubwa wa London huzibinulia midomo. Mwaka sabini na nane ndipo wakampa filamu yake mwenyewe, fupi, ya siku nne. Siku ya mwisho, Ijumaa ya Novemba, mwezi ambao kule saa kumi jioni giza limeshaingia, tulikuwa jikoni kwa watu huko Oldham, na mvua ilishatupotezea asubuhi nzima. Lilibaki onyesho la mama anayesoma barua ya mwanawe. Lilihitaji picha saba, na sisi tulikuwa na nusu saa.

Crispin, mtayarishaji kutoka London, akasema mbele yetu sote: "Usipomaliza leo, Lorna, kesho namleta kijana wangu mmoja, mwongozaji, aimalizie. Na filamu itakuwa ya kwake."

Haki ya nani, nilitamani kumzaba kibao.

Kuongeza muda ilibidi tupige kura, na kwa sheria ya chama chetu cha wafanyakazi, mmoja akikataa wote tunakwenda nyumbani. Mikono ikapanda yote isipokuwa wa Ken, fundi taa wetu tangu zile tamthilia za jioni.

"Saa kumi na moja kamili nazima," akasema. "Leo Ijumaa, nina samaki na chipsi zangu."

"Ken, una roho mbaya wewe!" nikambwatia.

"Nina njaa, dada Beryl."

Na Ken hakuwa na masihara. Aliwahi kuwazimia taa waigizaji katikati ya busu.

Lorna hakumbembeleza. "Mwacheni, ni haki yake." Akachana orodha ya picha saba, akamnong'oneza mpiga picha, kisha akamgeukia mwigizaji wetu mzee, Edna Clegg. "Mama, ni picha moja tu, hatukati. Washa jiko, kaa karibu na moto, soma barua. Litokee lolote, usiache mpaka unisikie."

Crispin akacheka. "Hii si tamthilia yako ya jioni!"

"Tulia uone."

Mpaka tumemaliza kupanga kamera na taa, zilibaki dakika nne. Edna akawasha gesi, akafungua barua, akaanza kusoma polepole mno! Mie macho kwenye saa, roho juu. Alikuwa anakaribia pale mwana anaposema harudi tena, saa ikafika. Ken akazima.

Nikafumba macho. Basi, kwisha habari yake, masikini Lorna. Lakini mbona hakuna aliyesema "kata"?

Nikafumbua. Jikoni kote giza, uso wa Edna tu unamulikwa na moto wa gesi. Akaikunja barua bila kuimaliza, machozi yakamshuka kimya kimya. Kamera ilikuwa bado inazunguka. Nililia, wala sikujificha.

"Kata," akasema Lorna.

Ken alikuwa bado ameshika swichi. "Kumbe ulijua nitazima?"

"Miaka kumi na miwili, Ken, hujawahi kuchelewa hata sekunde."

Wacha tupige vigelegele! Mpiga picha alimbeba Lorna juu juu. Crispin akapita katikati yetu mpaka kwenye simu ukumbini, tukamsikia:

"Mwambie kijana asipande treni. Hapana, hakuna cha kumalizia. Mwenyewe ameshamaliza."