Ncha ya Mkate

"Maiti ni wetu sote!" Kapitolina, jirani yao, alifoka kwenye ngazi, mwiko mkononi. "Kwa nini ale kwako tu, Glafira? Kwani supu yetu ina funza?"

"Muulize mwenyewe, shoga. Mimi sikumfunga kamba."

Yermolai, mume wa Glafira, alisimama mlangoni kwake na kofia mkononi. Savva, maiti mwenyewe, alikuwa ameshakaa mezani. Wanajeshi walimpiga risasi kwenye lango la kiwanda cha nguo miaka mingi iliyopita, mwaka ule wafumaji walipogoma wakashindwa. Juma lililopita klabu ya wafanyakazi ilionyesha filamu ya mgomo huo, naye Savva akashuka kutoka kwenye kitambaa cha sinema, akapangusa viatu, akaja kula. Alikuwa wa kijivu mwili mzima, hana sauti. Midomo ilicheza kwanza, kisha maneno yakatokea hewani kwa herufi nyeupe, kama kwenye filamu zile zisizo na sauti. Supu aliyoigusa iligeuka kijivu. Ladha, alisema, ni ileile.

Ndani ya filamu msaliti alikuwa mtu wa mbali mwenye masharubu. Ukumbi mzima ulimzomea. Yermolai naye alizomea.

Glafira akakata mkate mweusi. Ncha, ile yenye ganda gumu ambayo kila nyumba huigombea, akampa Savva. Ndivyo alivyofanya hata wakati wa mgomo, Savva alipokuwa akila kwao. Siku Savva alipouawa, Yermolai aliitazama ncha ikienda kwa mgeni, akavaa kofia, akaenda kuwaambia polisi ni lango gani Savva angepitia.

Sasa aliitazama tena. Wivu ukampanda hadi masikioni.

"Mimi ndiye niliyemuuza," akasema, ngazi nzima isikie.

"Nani asiyejua?" Kapitolina akamkatiza. "Usitubadilishie mazungumzo. Hapa tunazungumza chakula."

Glafira hakuinua uso. Alimkatia mumewe kipande cha katikati, chembamba. Yermolai akawaza polisi wale wa zamani wako wapi siku hizi. Hawakuwepo tena. Wangekuwepo, angeenda tena kwao jioni hiihii.

Savva akamgeukia. Midomo ikacheza, herufi zikatokea. Kapitolina hakujua kusoma.

"Kasema nini? Soma basi, baba, usitubanie!"

Yermolai akasoma kwa sauti, akiwa bado kwenye kizingiti cha nyumba yake mwenyewe:

"Karibu ndani, ndugu. Supu inapoa."