Jagi la Kijani Mbele ya Kamera

Mjukuu wangu alisema anatengeneza filamu ya kuwafundisha akina mama namna ya kumtunza mtoto anayeharisha, na kwamba mwalimu wa filamu hiyo nitakuwa mimi. Sikukataa. Mtaani kwetu mtoto akiharisha watu huniita mimi kwanza, nesi baadaye, na nafasi hiyo nimeishika tangu meno yangu yakiwa kamili.

Akaja na mwenzake, binti wa kushika maikrofoni. Wakasogeza meza dirishani, wakazima redio, hata kuku wa jirani wakafukuzwa. Nikapanga vitu vyangu: maji yaliyochemshwa yakapoa, kijiko, pakiti ya ule unga wa kuongeza maji mwilini, na jagi langu la plastiki la kijani. Nikaiambia kamera kwamba pakiti moja ni ya lita moja, na lita moja ni jagi hili likijaa pomoni. Ndivyo nilivyowafundisha akina mama wote wa mtaa, nao wakanunua majagi kama langu.

Mjukuu akaniomba nijaze kwa chupa ya lita moja ya dukani, watazamaji waone. Nikamimina bila wasiwasi. Chupa ikaisha. Jagi likabaki na nafasi ya vidole vinne.

Nikaitikisa chupa. Wapi.

"Hiyo kamera umeizima?"

"Bado, Bibi."

"Basi futa."

Akanijibu taratibu kwamba sura ni yangu. Nikitaka atafuta, turudie na jagi jingine. Nikakaa. Aibu niliiona, nisiseme uongo. Nani ataniita tena? Lakini nikaanza kuhesabu nyumba zenye jagi la kijani, nikafika ya kumi na tatu nikaacha. Kote huko watoto walikuwa wakinywa dawa iliyozimuliwa, kwa maneno yangu mimi. Nikamwambia aiache, ila pale nilipotikisa chupa apapunguze. Hakupapunguza.

Jumamosi akina mama wakaonyeshwa filamu katika darasa la shule ya mtaani, ukutani penye chokaa. Mimi nilikaa karibu na mlango, kwa usalama wangu. Chupa ilipoisha, kicheko kilianzia mbele kikanifikia nyuma. Kisha kila mmoja akawaza jagi lake. Nesi akaeleza kwamba maji yakizidi dawa inapungua nguvu, na yakipungua ni hatari zaidi.

Jirani yangu Mama Pacha, ambaye kunyamaza hajajaliwa, akanigeukia. "Bibi, kumbe pacha wangu umewalea kwa maji matupu?"

"Na wamekua. Kesho lete jagi lako tulipime."

Kesho yake nilifungua mlango nikakuta foleni: majagi ya kijani, ya bluu, moja halina hata mkono. Mjukuu alipima, mimi nikachora mstari wa lita kwa msumari wa moto. Mwanamke wa mtaa wa pili, ambaye sikuwahi kumwona, akauliza kama kesho ninaweza kufika kwake. Mwanawe anaharisha tangu jana. Nikamwambia kesho ni mbali. Nikamkabidhi Mama Pacha msumari, nikavaa viatu, tukatoka tumpitie nesi njiani.