Kadi ya Mzee Zablon

Afisa wa vitambulisho alitaka karatasi, wala si maneno yangu. Nilizaliwa Kigoma, mpakani, baba alipokuwa fundi wa reli huko, cheti cha kuzaliwa sina, kwa hiyo nilitakiwa kuonyesha kwamba baba alikuwa mzaliwa wa nchi hii. Bila kitambulisho, shamba lake la Bukene lisingeandikwa jina langu, na wapimaji wa ardhi walikuwa wanamaliza kazi Ijumaa. Hiyo ilikuwa Jumatano. Karatasi za marehemu baba zililiwa na mchwa zamani.

Mjumbe wa mtaa wetu wa Mtendeni akanishauri nijaribu maktaba, maana baba alipenda kusoma, na kadi ya msomaji huandikwa mtu alikozaliwa. Nilikwenda shingo upande. Ndani wazee walikuwa wanagombea gazeti moja, na mkutubi, Sixbert, alikuwa anamsaidia mama mmoja kuandika barua ya kuomba kisima.

"Shikamoo mama," Sixbert akaniamkia.

"Marahaba. Natafuta kadi ya baba yangu, Zablon Limbu."

"Kadi za zamani tulizichoma, mama." Nikageuka niondoke, naye akaongeza, "Zimebaki za wale wasiorudisha vitabu tu."

"Basi hayumo," nikasema kwa ukali. "Baba alikuwa mzee wa kanisa la Moravian. Hakuwahi kuchukua hata hindi la mtu."

Sixbert alifungua kasha la bati, akapekua, akanisogezea kadi moja.

Zablon Limbu. Fundi wa reli. Mzaliwa wa Bukene. Mdhamini: mwenyekiti wa kijiji, na muhuri wake. Chini yake, kitabu cha ufugaji wa nyuki, kilichoazimwa mwaka 1974, hakijarudi. Nikakumbuka asali tuliyoila utotoni, nikaona aibu, kisha nikacheka mpaka wazee wa gazeti wakanigeukia.

Alhamisi nilimpelekea afisa nakala iliyogongwa muhuri wa maktaba. Akaisoma, akaigeuza, akaisoma tena.

"Sawa, mama. Weka vidole hapa."

Nililia palepale mbele ya foleni nzima, na sikujali. Ijumaa, kwa namba ya kitambulisho niliyopewa, shamba likaandikwa jina langu.

Jumatatu nikarudi kumshukuru Sixbert. Nikamwomba, kwa heshima ya marehemu, amwondoe baba kwenye kasha la wadaiwa.

"Haiwezekani, mama. Mpaka kitabu kirudi."

Nikafikiri kidogo. Nina wajukuu sita, na wawili wamezaliwa Kigoma kama mimi.

"Basi mwache humo humo," nikamwambia.